Palipotokea Sipo Panapofaa: Hotuba juu ya kazi ya Allan Starski

Hotuba hii niliitoa mbele ya wanafunzi wa filamu na mafundi wa seti: maseremala, waashi, mafundi rangi. Waliokosa wameomba maneno yake, nami nayaweka yote kama yalivyosemwa. Picha nilizoonyesha ukutani nimeziacha.

Wazee wangu mliotutangulia katika kazi hii, walimu, mafundi, na ninyi vijana mliosimama huko nyuma kwa sababu viti vimeisha: hamjambo? Poleni na joto.

Niliombwa nizungumze juu ya mtu mmoja aliyefika mbali katika filamu. Nadhani walionialika walitarajia nitamchagua mwigizaji, au angalau mwongozaji. Nimemchagua mtu ambaye akipita mlangoni sasa hivi, hakuna humu atakayegeuza shingo. Lakini kazi yake mmeiona. Wengi wenu mmeiona zaidi ya mara moja, na pengine mmeililia.

Jina lake Allan Starski. Ni Mpolandi. Kazi yake ni kubuni mandhari ya filamu: yeye ndiye anayeamua mahali paonekaneje. Ukuta uwe na rangi gani, dirisha litazame wapi, barabara itandikwe mawe ya namna gani, mlango ufungukie ndani au nje. Kamera haijafungwa, mwigizaji hajasoma hata mstari mmoja, yeye keshafika miezi kadhaa kabla na anabishana na seremala. Halafu filamu inatoka, watu wanasifu jinsi yule bwana alivyolia ndani ya kile chumba. Sawa, alilia vizuri. Chumba nani alikijenga?

Tarehe 21 Machi 1994 alipewa Oscar kwa filamu ya Steven Spielberg, Schindler's List, yeye pamoja na mpambaji wa seti, Ewa Braun. Filamu ile ilizoa Oscar 7 usiku huo. Mwaka 2003 Wafaransa wakampa César, tuzo yao kuu ya filamu, kwa The Pianist ya Roman Polański. Nimezitaja tuzo, basi, zimetajwa. Sikuja hapa kuhesabu vikombe.

Nilichokuja nacho ni swali moja ambalo Starski amelijibu kazini tena na tena. Tukio lilitokea mahali fulani. Mahali hapo panajulikana, pana jina, pako kwenye ramani. Je, hapo ndipo pa kwenda kupiga picha? Mtu asiye wa kazi hii atajibu haraka: ndiyo, nenda palepale, utapata uhalisia. Ukimfuatilia Starski filamu baada ya filamu, jibu lake karibu kila mara ni hapana. Palipotokea sipo panapofaa.

Lishikeni hilo, nitalirudia mpaka mnichoke.

Tuanze na mji wake. Alizaliwa Warszawa, mji mkuu wa Polandi, tarehe 1 Januari 1943. Fikirini mwaka huo na mji huo. Wajerumani wa Hitler wanatawala. Wayahudi wa mji wamefungiwa nyuma ya ukuta, katika geto, na wengi wao wamekwisha kupelekwa kuuawa. Aprili ya mwaka huohuo waliobaki wakashika silaha, na Wajerumani wakaliteketeza geto nyumba kwa nyumba. Agosti 1944 mji mzima ukaasi. Wakapigana siku 63, wakashindwa, wakaazi wakafukuzwa, na askari wakabaki kuubomoa mji kwa mpango, mtaa baada ya mtaa, kwa moto na baruti. Vita vilipokwisha, karibu asilimia 85 ya majengo ya Warszawa yalikuwa kifusi.

(Wenzangu mliotoka Arusha mnaijua Tengeru. Miaka hiyohiyo maelfu ya Wapolandi waliong'olewa kwao na vita walikuwa wakiishi pale, na makaburi yao yapo mpaka leo. Hiyo ni hotuba ya siku nyingine, lakini nisingeweza kupita bila kubisha hodi.)

Sasa sikilizeni kilichofuata. Wapolandi waliamua kuujenga upya mji mkongwe ulivyokuwa. Kwa kutazama nini? Kwa michoro ya wasanifu majengo, kwa picha, na kwa uchoraji wa Bernardo Bellotto, Mtaliano aliyeipaka Warszawa rangi juu ya turubai katika karne ya 18. Yaani mafundi walisimama juu ya kifusi wakiwa na picha ya mchoraji, wakajenga. Mwaka 1980 UNESCO wakauandikisha mji huo kwenye Urithi wa Dunia: mji mkongwe ambao kuta zake ni changa kuliko baadhi ya wazee waliokaa safu hii ya mbele. Samahanini wazee. Mtoto aliyezaliwa katika mji wa namna hiyo hahitaji kufundishwa kwamba ukuta unaweza kujengwa jana na bado ukasimulia mambo ya kale kwa haki.

Na nyumbani kwao filamu ilikuwa kazi ya kuleta chakula. Baba yake, Ludwik Starski, alikuwa mtunzi wa miswada na wa maneno ya nyimbo. Ndiye aliyeandika mswada wa filamu ya kwanza ya hadithi iliyotoka Polandi baada ya vita. Lakini mwanawe hakupitia shule ya filamu ya Łódź, ile ambayo kila mtu huitaja. Alisoma Chuo cha Sanaa cha Warszawa, na kwa hiyo aliingia kwenye filamu na penseli mkononi. Mkewe, Wiesława Starska, ni mbunifu wa mavazi ya filamu. Sijui mezani kwao walikuwa wanaongea nini kingine.

Aliyemkuza ni Andrzej Wajda, mwongozaji aliyekuwa nguzo ya filamu ya Polandi kwa miongo mingi. Mwaka 1977 wakatoa Człowiek z marmuru, yaani Mtu wa Marumaru, hadithi ya mwashi wa miaka ya 1950 ambaye serikali ya kikomunisti ilimfanya shujaa kwa kasi yake ya kupanga matofali, ikamchongea sanamu ya marumaru, kisha ikamtupa. Miaka ya 70 binti mmoja mwanafunzi wa filamu anataka kujua yule mwashi aliishia wapi, na anaikuta sanamu imelazwa katika stoo ya makumbusho. Waashi mliomo humu, hiyo filamu ni yenu. Itafuteni.

Tazameni kazi aliyokuwa nayo mbunifu. Nyakati mbili katika filamu moja. Wakati wa kwanza ni wa mabango, picha kubwa za viongozi, bendera, majukwaa ya mbao, kila kitu kimepambwa ili kidanganye. Wakati wa pili ni wa ofisi za televisheni na korido ndefu, nao unadanganya kwa ustaarabu zaidi. Starski alitakiwa ajenge propaganda ambayo mtazamaji aitambue kuwa ni propaganda bila mtu kumnong'oneza. Ukiipamba mno, inakuwa kichekesho. Ukiipunguza, mtazamaji naye anaiamini. Kipimo hicho hakimo kwenye mswada, kimo kwenye jicho la mbunifu.

Kisha ukaja mwaka 1981 na filamu ya pili, Człowiek z żelaza, yaani Mtu wa Chuma, na hapa nakiri kanuni yangu inavunjika. Agosti 1980 wafanyakazi wa karakana ya meli ya Gdańsk waligoma, na kutokana na mgomo huo kikazaliwa chama cha wafanyakazi cha Solidarność, yaani Mshikamano. Miezi michache baadaye Wajda na watu wake walikuwa ndani ya karakana ileile wakipiga picha. Mei 1981 filamu ikachukua Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes. Desemba 13 serikali ikatangaza utawala wa kijeshi, mlango ukafungwa. Safari hii palipotokea ndipo palipofaa. Kwa nini? Kwa sababu pale hapajapata muda wa kubadilika. Milango ni ileile, kuta ni zilezile, watu ni walewale. Mahali pa tukio panafaa pakiwa bado moto. Pakipoa, anzeni kutafuta kwingine.

Na mahali pengine hapakupoa tu, palifutwa kwa makusudi. Mwaka 1987 Starski alibuni mandhari ya Escape from Sobibor, filamu ya televisheni. Sobibór ilikuwa kambi ya kuua watu, mashariki ya Polandi. Tarehe 14 Oktoba 1943 wafungwa waliasi na mamia wakatoroka. Wajerumani wakaivunja kambi yote na kupanda miti juu yake, isibaki alama. Sasa niambieni, utakwenda kupiga picha ya nini? Ya miti? Kambi ikajengwa upya Avala, karibu na Belgrade, katika Yugoslavia ya wakati ule. Waliofanya uhalifu walitaka mahali pale pasionekane tena. Mafundi seremala wakapafanya paonekane. Wakati mwingine msumari na ubao vinafanya kazi ya shahidi mahakamani.

Haya. Kraków, mji wa kusini mwa Polandi, Machi 1993. Hapa nitakaa, msinihesabie dakika.

Spielberg alianza kupiga picha za Schindler's List tarehe 1 Machi, baridi kali. Kisa mnakijua: Oskar Schindler, mfanyabiashara Mjerumani, mwanachama wa chama cha Hitler, mpenda starehe, ambaye aliishia kuokoa Wayahudi zaidi ya elfu moja kwa kuwaandika kazini kwenye kiwanda chake. Kiwanda cha nini? Cha masufuria na bakuli za enameli. Zilezile nyeupe zenye ukingo wa buluu ambazo nusu yetu humu tumelia ugali.

Geto la Kraków lilikuwa mtaa wa Podgórze, kusini ya mto Vistula. Twende Podgórze? Hapana. Podgórze ilikuwa imebadilika, majengo mapya yamechomoza kati ya yale ya zamani. Wakavuka mto mpaka Kazimierz, mtaa ambao Wayahudi waliishi kwa karne nyingi kabla ya vita, na ambao wakati ule ulikuwa umechakaa hasa kwa kuwa hakuna aliyekuwa na pesa za kuutengeneza. Umaskini uliuhifadhi. Katika historia Wayahudi walitolewa Kazimierz wakasukumwa kuvuka mto hadi Podgórze. Katika filamu, Podgórze yenyewe ndiyo iliyovushwa mto. Leo mtalii akifika anapelekwa kwenye ua mmoja wenye ngazi na roshani za mbao, kati ya Mtaa wa Józefa na Mtaa wa Meiselsa, anaambiwa: ni hapa. Ni hapa filamu. Geto halisi liko ng'ambo.

Kiwanda je? Kiwanda halisi kipo, Mtaa wa Lipowa namba 4, na sasa ni makumbusho. Nje walipiga picha palepale, lango na ngazi. Lakini ndani, kwenye mashine, walikwenda Olkusz, mji mwingine kabisa, kwa sababu huko kulikuwa na kiwanda cha enameli cha kufanana nacho. Mtazamaji anaona mtu anaingia mlangoni, anatokea kwenye karakana. Mlango uko Kraków, karakana iko Olkusz. Mmewahi kuona mshono? Mimi najua upo, nimeutafuta, sijauona.

Sasa kambi. Kambi ya Płaszów, Wajerumani walikowafungia Wayahudi wa Kraków, alikotawala Amon Göth, yule kamanda ambaye kwenye filamu anapiga watu risasi akiwa roshani. Uwanja wa kambi halisi upo, nyasi na vichaka. Twende hapo? Simameni hapo mchukue kamera. Nyuma yenu ghorofa za kisasa, zimejaa kwenye fremu. Palipotokea sipo panapofaa! Jirani tu kulikuwa na machimbo ya mawe yaliyoachwa, yanaitwa Liban. Ni shimo kubwa, kuta za mawe pande zote, na kuta hizo zinaficha mji. Starski akaijenga kambi humo chini: mabanda 34, minara 7 ya ulinzi, uzio, lango, nyumba ya kamanda, na barabara iliyotandikwa mawe ya makaburi. Barabara hiyo si ubunifu wa kutisha watu. Kambi halisi ilijengwa juu ya makaburi ya Wayahudi, na Wajerumani waling'oa mawe ya kaburini wakayatandika njiani. Kwa hiyo mafundi wa filamu walichonga mawe mengine ya kuigiza, yenye maandishi ya Kiebrania, ili waigizaji wakanyage.

Fikirieni fundi anayechonga jiwe la kaburi la mtu asiyekuwepo ili likanyagwe, liwe mfano wa jiwe la mtu aliyekuwepo. Hiyo ndiyo kazi yetu ninyi mnayoiita kupaka rangi mbao.

Auschwitz, kambi nyingine ya Wajerumani, ya kuua watu, hawakuruhusiwa kujenga wala kupiga picha sana ndani, kwa heshima ya waliokufia humo. Starski akafanya nini? Walijenga nje ya lango. Lile lango la treni unaloliona ni la kweli, lakini kambi iliyo mbele yake, mabanda, theluji, watu wakishuka kwenye mabehewa, vyote viko upande wa nje. Wamegeuza nje kuwa ndani. Katazo lilikuwa la haki, na ndani ya katazo hilo likapatikana jibu ambalo nadhani ni bora kuliko lile walilonyimwa.

Mafundi rangi, nyoosheni mikono niwaone. Naam. Hili ni lenu. Filamu ile karibu yote ni nyeusi na nyeupe. Mpigapicha mkuu wake ni Mpolandi pia, Janusz Kamiński, naye alipata Oscar yake usiku uleule. Katika nyeusi na nyeupe, nyekundu ya gauni na kijani cha ukuta, zikiwa na mwanga sawa, zinatoka kijivu kimoja. Gauni linameza ukuta, ukuta unameza gauni, mwigizaji amepotea. Starski akazipanga seti ziwe ama nyeusi zaidi kuliko watu, ama nyeupe zaidi kuliko watu, wasichanganyike. Ndipo mnaona nyuso zinavyojitokeza hata penye watu mia. Mkidhani ni taa tu, ni taa pamoja na ndoo ya rangi. Na hata kama hamtapiga picha nyeusi na nyeupe maisha yenu yote, fanyeni hivi: pigeni picha ya seti kwa simu, ondoeni rangi, mtazame kama mwigizaji wenu bado yupo. Ni bure.

Naona mtu anatabasamu pale, najua anachotaka kusema. Kwamba Schindler's List iligharimu dola milioni 22, na sisi hapa bajeti ya seti ni nauli na maji ya kunywa. Nakubali. Lakini rudini nyuma mhesabu: kuvuka mto kutoka Podgórze kwenda Kazimierz kuligharimu nini? Miguu. Kugundua kwamba Olkusz kuna kiwanda cha kufanana? Kuuliza watu. Kugeuza nje kuwa ndani? Kufikiri. Mabanda 34 ndiyo yaliyokula pesa. Uamuzi wa kuyaweka ndani ya shimo la mawe ulitokana na mtu kutembea na kutazama.

Twende Warszawa, 2001. The Pianist. Władysław Szpilman alikuwa mpiga piano wa redio, Myahudi, aliyenusurika ndani ya Warszawa mpaka mwisho. Mwongozaji, Polański, alikuwa mtoto ndani ya geto la Kraków. Mbunifu amezaliwa Warszawa vita vikiendelea. Hao wawili hawakuhitaji mtu wa kuwaeleza ukuta wa geto ulikuwa kitu gani.

Lakini wapi? Warszawa ya Szpilman imepotea mara mbili. Kwanza ilibomolewa, kisha ikajengwa nyingine juu yake. Starski akaigawa hadithi. Mitaa iliyo mizima wakaipata Praga, sehemu ya Warszawa iliyo ng'ambo ya mto, ambayo majeshi ya Kisovieti yalifika Septemba 1944 kabla ya Wajerumani kuiwasha. Huko nyumba za zamani zilikuwa bado zimesimama. Wakaongeza mabango na maandishi ya wakati wa vita. Ukuta wa geto na mitaa inayouzunguka wakaijenga Babelsberg, kwenye studio karibu na Berlin. Ndiyo, Ujerumani. Palipotokea sipo panapofaa, na wakati mwingine panapofaa ni nyumbani kwa aliyefanya.

Magofu? Hapa ndipo Starski ananifurahisha. Gofu ni kitu kigumu kujenga. Muulize mwashi yeyote: ukuta ulionyooka anaujua, ukuta ulioanguka kwa haki hajui aanzie wapi. Tofali bandia likiporomoka linaonekana bandia. Sasa kule Jüterbog, kusini ya Berlin, kulikuwa na kambi ya zamani ya jeshi la Kisovieti, majengo matupu. Hawakujenga magofu. Waliyabomoa majengo ya kweli. Kwa hiyo kifusi mnachokiona Szpilman anapopanda ukuta na kuuona mji uliokufa ni kifusi cha kweli, na huko mbali zaidi kompyuta imeongezea.

Na sasa madirisha. Nusu ya pili ya filamu ile, Szpilman amejificha. Hawezi kutoka, hawezi kuwasha taa, hawezi kugusa piano. Anachungulia. Uasi wa geto wa 1943 anauona dirishani. Uasi wa mji wa 1944 anauona dirishani, kutoka chumba kingine. Hivyo vita vyote viwili, na majeshi yake, vinatoshea kwenye fremu ya dirisha! Mbunifu wa kawaida angekipamba chumba kwanza, kisha aseme, dirisha tutaweka pazia. Hapa chumba ni kitanda na meza. Kazi yote iko nje: mtaa wa upande wa pili, umbali wake, urefu wa ukuta, mahali askari atakapotokea. Chumba kimebuniwa kuanzia kwenye kile kinachoonekana kutokea ndani yake. Mkitoka hapa na jambo moja tu, chukueni hili la dirisha. Kabla hujauliza chumba kiwe na nini, uliza aliyemo anaona nini.

Mengine nitayapitia mbiombio. Mwaka 1997, Washington Square ya Agnieszka Holland, hadithi ya New York ya karne ya 19: walipiga picha Baltimore. Mwaka 2005, Oliver Twist ya Polański, London ya karne ya 19 ya mwandishi Charles Dickens: waliijenga Prague. Na kati yake, 2004, mtu huyuhuyu wa kambi na geto akabuni mandhari ya EuroTrip, kichekesho cha Kimarekani cha vijana wanaozurura Ulaya, ambamo Prague inajifanya karibu miji yote wanayopita. Wapo wanaoona aibu kuitaja filamu hiyo kwenye orodha yake. Mimi naiona heshima. Fundi ni fundi. Aliyeweza kuifanya Prague iwe miji sita bila mtazamaji kijana kushtuka, hakulala kazini.

Limebaki jambo moja gumu, na sitaki mtoke bila kulisikia. Je, hatudanganyi?

Rudini nami Liban. Baada ya Schindler's List kwisha, sehemu ya seti iliachwa mule shimoni. Nguzo za uzio zimebaki na kutu. Ile njia ya mawe ya makaburi imebaki, nyasi zinaota katikati. Watu wanashuka kutembea. Na wapo wanaoyatazama mawe yale ya kuigiza wakaamini ni ya kweli, wakainamisha vichwa. Ngojeni, haijaisha. Machimbo yale yenyewe, wakati wa vita, yalikuwa kambi ya adhabu: vijana wa Kipolandi walilazimishwa kuchimba mawe humo, na baadhi yao waliuawa mwaka 1944. Kumbukumbu yao ndogo ipo hapohapo. Kwa hiyo mgeni anaweza kulilia jiwe la filamu, akapita bila kuona kumbukumbu ya kweli iliyo humohumo.

Tumlaumu nani? Starski? Mimi simlaumu kwa kujenga. Bila kambi ile, mamilioni wasingeijua Płaszów. Lakini nawalaumu waliokunja virago bila kung'oa vyote. Seti ikishabaki peke yake, bila kamera na bila jina la filamu, inageuka ushahidi wa uongo. Hata nyumba ya kamanda ina somo hilo. Nyumba halisi ya Göth bado imesimama Kraków, na ukiitazama ilivyokaa, sivyo inavyokaa kwenye filamu. Kwenye seti imewekwa juu, kambi yote iko chini ya roshani yake, kwa sababu hadithi ilihitaji tuuone uwezo wake wa kuua kwa kutupa jicho moja. Kwa filamu nakubali. Kwa kitabu cha historia nakataa. Mbunifu anatakiwa ajue, usiku na mchana, yuko kwenye kipi kati ya hivyo viwili, na akiulizwa aseme bila kigugumizi: hapa nilisogeza, hapa sikusogeza.

Kwa hiyo naomba, hasa ninyi mnaoanza: kila seti mnayojenga juu ya jambo lililotokea kweli, wekeni daftari. Andikeni mahali halisi palikuwa wapi, mlipiga picha wapi, na kwa nini mlihama. Na siku ya mwisho ya kazi, kabla ya pilau, ng'oeni mlichosimika.

Nimesema sana, fundi mitambo ananionyesha saa. Tunayo nusu saa ya maswali. Naomba maswali ya mbao, ya rangi na ya madirisha. Ya Oscar mwulizeni aliyenayo. Mama, wewe wa kitenge cha njano, naona umeuinua mkono tangu tuko Podgórze. Karibu.